Bati la Msauzi, Jikoni Hakuna Unga
Majibu ya barua zenu kuhusu TASAF (Mfuko wa Maendeleo ya Jamii), mahindi ya serikali na kadi ya chakula ya Marekani

Barua za mwezi huu karibu zote zinauliza jambo lilelile: msaada wa chakula au wa kujikimu unaotolewa na serikali anastahili nani, na anaupataje. Nimekuwa ofisa maendeleo ya jamii huku Kilimanjaro mpaka nilipostaafu, kwa hiyo haya si ya kusimuliwa. Barua nimezifupisha na majina nimeyaondoa. Atakayeona nimekuwa mkali anisamehe, ndivyo nilivyo.

Shikamoo mama. Bibi yangu mzaa baba yuko Kibosho, ana miaka 74. Analea watoto watatu wa marehemu shangazi. Hana pensheni, miguu inamsumbua na kihamba hakitoi ndizi kama zamani. Anakaa kwenye nyumba ya baba mdogo aliyeko Dar, nyumba nzuri, bati la msauzi, vigae sebuleni. Kila TASAF wakija anarukwa. Mimi nina saluni ndogo mjini, namtumia ninachopata lakini hakitoshi. Fomu ya kuomba TASAF inapatikana wapi? Nimeambiwa niende manispaa. – Mjukuu, Moshi

Marahaba mwanangu. Manispaa usiende, utapoteza nauli. Kibosho haiko chini ya Manispaa ya Moshi, iko chini ya Halmashauri ya Wilaya ya Moshi, hii tunayoiita Moshi Vijijini, na yenyewe ina mratibu wake wa TASAF. Wenzetu wa Arusha nao huzungushwa vivyo hivyo kati ya Jiji la Arusha, Halmashauri ya Arusha na Meru. Ujue kwanza kijiji chako kinahesabiwa wapi.

Halafu hiyo fomu unayoitafuta haipo. Hili ndilo watu wengi hawalijui, hata waliosoma. Mpango wa Kunusuru Kaya Maskini, huu wa TASAF, hauombwi dirishani kama leseni ya biashara. Jina la kaya huanzia kwenye mkutano wa hadhara wa kijiji au mtaa, siku uandikishaji unapofika kwenu. Wananchi wenyewe wanakubaliana kwanza kwamba hapa kwetu maskini kabisa ni mtu wa namna gani, kisha wanataja kaya moja moja. Waliotajwa wanafuatwa nyumbani na mwezeshaji mwenye dodoso. Anauliza kaya ina watu wangapi, wamesoma mpaka wapi, wanapikia nini, taa ni ya nini, choo kikoje, kuna mifugo gani, paa ni la nini, sakafu ni ya nini. Majibu yanaingizwa kwenye kompyuta na kompyuta inatoa alama. Orodha ikirudi inasomwa tena mbele ya mkutano ili wananchi waseme huyu kweli, yule hapana, na fulani mbona ameachwa.

Kwa hiyo bibi yako anaweza kurukwa sehemu tatu tofauti: mkutanoni, kwenye dodoso, na siku ya kusoma orodha. Ujue amerukwa wapi kabla hujalaumu mtu.

Nikisoma barua yako nahisi tatizo linaanzia mkutanoni. Nimesimamia mikutano hiyo chini ya miti ya shule na kwenye kumbi za kanisa, najua kinachotokea. Mtu akitaka kumtaja bibi kama huyo, jirani anamkanyaga mguu: utamtajaje mama wa mtu mwenye gari Dar? Mwanawe akisikia mama yake ameandikwa maskini, Desemba itakuwaje? Basi jina halitajwi. Kwetu Uchagani umaskini wa mzee ni aibu ya watoto wake, na kijiji kizima kinashirikiana kuificha aibu hiyo. Anayelala na njaa ni bibi.

Hata akitajwa, kuna dodoso. Niliwahi kufuatana na kijana mwezeshaji mpaka nyumba ya aina hiyohiyo, sisemi ni ya wapi. Bibi alitukaribisha sebuleni kwenye makochi yenye vitambaa vyeupe vya kufuma, akamtuma mtoto dukani kukopa soda mbili kwa ajili ya wageni. Kijana akauliza, bibi, mnakula mara ngapi kwa siku? Bibi akajibu, tunamshukuru Mungu. Kijana akaandika mara tatu. Nikaomba nionyeshwe wanapolala. Kumbe vyumba vyote vina kufuli, vinasubiri watoto na wajukuu wa mjini waje Krismasi. Bibi na wajukuu wanalala jiko la nje, pembeni ya moto, juu ya magunia, na kwenye sufuria kulikuwa na ndizi za kuchemsha bila hata tone la mafuta. Vigae vile vilikuwa vimeshaingia kwenye dodoso. Nilimwambia kijana afute aanze upya, na bibi nikamwambia hapa hatukuja kwenye posa.

Sasa fanya hivi. Kaya, kwa hesabu za mpango huu, ni watu wanaoishi pamoja na kula chungu kimoja. Baba yako mdogo wa Dar hayumo kwenye kaya ya bibi hata kama nyumba ni yake, na hilo lazima lisemwe kwa sauti mbele ya mwezeshaji: nyumba ni ya fulani, hakai hapa, vyumba vimefungwa, sisi tunalala kule. Mwezeshaji apelekwe akaone kwa macho. Usiseme "bibi yangu ni maskini", kila mtu anasema hivyo. Sema bibi ana miaka 74, hawezi kulima, watoto ni watatu, mama yao amefariki, wa kwanza yuko darasa fulani, jana walikula hiki. Na bibi umwandae kabla ya siku yenyewe, ajue kwamba ukweli wa sufuria yake hauvunji heshima yake. Hapo ndipo penye kazi ngumu kuliko zote, nakuonya.

Mwone mwenyekiti wa kitongoji mapema, kabla hata uandikishaji haujatangazwa, umweleze. Uandikishaji haufanyiki kila mwezi, unakuja kwa vipindi. Mpango ulizinduliwa mwaka 2012 na haukufika kila mahali, karibu asilimia 30 ya vijiji, mitaa na shehia vilibaki nje mpaka kipindi cha pili kilipozinduliwa Februari 2020. Siku ya uzinduzi huo hayati Rais Magufuli alipiga kelele sana kuhusu kaya hewa, maana zilikuwa zimebainika zaidi ya 70,000, na tangu hapo uhakiki umekuwa wa macho makali. Ni vizuri, ila ukali huo ndio unaowanyima wenye bati zuri na tumbo tupu. Tayarisha vyeti vya kuzaliwa vya watoto, cheti cha kifo cha shangazi yako na kitambulisho cha NIDA cha bibi. Kama NIDA hana, anza na hilo leo. Malipo mengi siku hizi yanapita kwenye simu au benki, na laini ya simu haisajiliwi bila NIDA na alama za vidole. Bibi anayepokea kwa laini ya mjukuu wa kiume aliyeko mjini ni hadithi nyingine, nimeziona nyingi na nyingi haziishi vizuri.

Orodha ikisomwa naye hayumo, simama palepale uulize. Usiporidhika, andika malalamiko, yapitie kamati ya kijiji mpaka kwa mratibu wa halmashauri. Baki na nakala.

La mwisho kwako ni la kifamilia. Hata bibi akiingia, ruzuku ni ndogo. Kipindi cha kwanza ruzuku ya msingi ilikuwa shilingi 10,000 kwa mwezi, na kaya yenye kila nyongeza ilikuwa haivuki 38,000. Viwango vimebadilika tangu hapo, lakini usitegemee maajabu, utaona mwenyewe bei ya unga sokoni Kiboriloni. Mpigie baba yako mdogo. Usimlaumu kwa nyumba aliyojenga, mwombe vitu viwili tu: gunia la mahindi kila baada ya miezi mitatu, na funguo.

Dada habari. Mimi ni mlengwa wa TASAF, nina watoto wanne, ni mjane. Dirisha lililopita la malipo nimepokea pungufu bila kuambiwa kitu. Pia kuna mtu hapa mtaani kila tukilipwa anakusanya 5,000 kwa kila kaya, anasema ni ya makaratasi. Ukikataa anasema utafutwa. – Mama Wanne, Sombetini, Arusha

Nzuri, mdogo wangu. Nianze na huyo wa makaratasi, maana amenipandisha presha. Hakuna malipo ya kuandikishwa, hakuna ya kubaki kwenye orodha, na hakuna mtu mmoja mtaani mwenye mamlaka ya kukufuta. Hiyo ni rushwa tu. TAKUKURU wana namba ya bure, 113. Mkiweza mpige mkiwa kina mama wengi, mkiwa na tarehe na kiasi alichochukua kila mara, kwa sababu anategemea kila mmoja wenu aogope peke yake. Mratibu wa TASAF wa Jiji naye aambiwe.

Kuhusu pungufu, uliza kwanza shule na kliniki. Sehemu ya ruzuku inatolewa kwa masharti: mtoto wa shule ahudhurie angalau asilimia 80 ya siku za masomo, na mdogo apelekwe kliniki kwa ratiba. Mahudhurio yanajazwa shuleni, na mtoto akikosa sana, ruzuku inakatwa dirisha linalofuata. Dirisha moja ni miezi miwili, kwa hiyo kosa la Machi unaweza kulisikia mfukoni ukiwa umeshalisahau. Mara nyingi mtoto alikuwa mgonjwa kweli, ila hakuna aliyepeleka karatasi ya zahanati kwa mwalimu. Au alihamishwa shule na jina likabaki kule kwa zamani. Nenda umwone mwalimu anayeshughulikia fomu hizo, uangalie kwa macho yako amemwandikia nini kila mtoto. Ukikuta makosa, yapeleke kwa kamati ya mtaa yasahihishwe kabla ya dirisha lijalo.

Mama, nasikia serikali inatoa mahindi wakati wa ukame. Mwaka ule wa ukame ng'ombe wangu walikwisha, na mahindi yalipokuja tuliambiwa tununue. Je, ni ya bure au ya kuuzwa? – Mzee, Longido

Shikamoo mzee wangu, na pole kwa mifugo. Ni vitu viwili, na viongozi wetu hawavitofautishi wanapotangaza. Kuna mahindi ya Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula, NFRA, ambayo bei ya soko ikipanda hupelekwa wilayani kuuzwa kwa bei nafuu. Hayo unanunua, mtu yeyote ananunua, ila kwa kiasi kilichopangwa ili walanguzi wasiyabebe. Na kuna chakula cha maafa, kinachogawiwa bure, kama walivyogawiwa wenzetu wa Katesh baada ya maporomoko ya Desemba 2023. Hicho hupitia kamati za maafa, kuanzia kijiji mpaka wilaya, na anayeanza kuandika majina ni mtendaji wa kijiji chako. Ukame unakuja polepole, hauna siku ya kutangazwa kama mafuriko, ndiyo maana wafugaji huandikwa wakiwa wameshachelewa. Msisubiri ng'ombe waanze kuanguka. Mwambieni mtendaji aandike taarifa malisho yanapoisha.

Aunt, naishi Unga Limited, Arusha, na ndani sina unga. Nina miaka 25, sina kazi. Nami nataka TASAF. – Kijana

Umenichekesha, lakini jibu ni hapana. Mpango unaandika kaya, hauandiki kijana mmoja mwenye nguvu aliyepanga chumba. Hata zile ajira za muda za kuchimba mitaro na kupanda miti, zinazolipa shilingi 3,000 kwa siku, ni za watu wa kaya ambazo tayari zimeandikishwa. Wewe tafuta wenzako muunde kikundi, mwende kwa ofisa maendeleo ya jamii wa kata kuulizia mikopo ya asilimia 10 ya halmashauri: nne ya wanawake, nne ya vijana, mbili ya watu wenye ulemavu. Ilisimamishwa Aprili 2023, ikarudi mwaka 2024, na haina riba. Ina usumbufu wake, ila angalau mlango upo.

Mama, Bwana asifiwe. Mwanangu alipata ile bahati nasibu ya viza, mwaka jana wakahamia Houston, Marekani, yeye, mkewe na watoto wawili, wa miaka 8 na 3. Anafanya kazi kwenye ghala, mke hajapata kazi. Kodi inawamaliza. Kanisani kwao wamemwambia kuna kadi ya chakula ya serikali ila anaogopa kuomba. Anastahili? Bado ananitumia dola 100 kila mwezi, Mungu ambariki. – Mama, Rau, Moshi

Amina, dada. Umenifikisha mbali, lakini nina watu huko na hili nimelifuatilia.

Mpango wenyewe unaitwa SNAP, wazee wa huko bado wanauita stempu za chakula. Kanuni ni za serikali kuu, ila anayepokea maombi ni jimbo. Kule mtu anajiombea mwenyewe, hasubiri mkutano wa majirani. Ni raha kidogo na upweke kidogo.

Mwanao na mkewe, kwa kuwa ni watu wazima wenye kadi ya ukaazi wa kudumu, kwa kawaida wanatakiwa wakae miaka mitano kwanza tangu waipate. Bado hawastahili. Lakini watoto walio chini ya miaka 18 wenye kadi hiyo hawasubiri. Hapo ndipo wahamiaji wengi wanapokosa: wakisikia miaka mitano wanafunga faili zima. Baba anaweza kuomba kwa ajili ya wale wawili tu. Kwenye fomu ataje wote wanaokula pamoja, aonyeshe anaowaombea ni watoto, na asifiche mshahara, kwa sababu kipato cha wazazi kinaingia kwenye hesabu.

Texas, jimbo ilipo Houston, wanapokea maombi kwa mtandao, ofisini, au kwa kuelekezwa kwa simu kupitia namba 211. Baada ya hapo kuna mahojiano, mara nyingi ya simu. Awe na kadi za watoto, hati za mshahara, mkataba wa nyumba na bili. Jibu linatakiwa litoke ndani ya siku 30, na familia iliyokwama kabisa inaweza kupata ndani ya siku 7. Kwa mwaka wao wa hesabu unaoishia Septemba 2026, kiwango cha juu kwa watu wawili ni dola 546 kwa mwezi, na kwa kuwa baba ana mshahara, watapata chini ya hapo. Pesa huingia kwenye kadi kama ya benki. Inanunua chakula cha kupika nyumbani. Sabuni, nepi, bia na kuku wa moto tayari kuliwa hainunui. Na asije akamuuzia mtu kadi hiyo hata kama rafiki anambembeleza, ni kosa la jinai.

Kuna mawili mengine wasiyaache. Yule wa miaka 3 anaweza kuingia WIC, mpango wa lishe wa wajawazito, wanaonyonyesha na watoto chini ya miaka mitano, ambao hauna hiyo subira ya miaka. Yule wa 8 aombewe chakula cha mchana shuleni, cha bure au cha bei ndogo kulingana na kipato. Woga wake kuhusu makaratasi ya uhamiaji siudharau. Mji mkubwa kama Houston una mashirika yenye wanasheria wa uhamiaji wa bure, amwone mmoja kabla ya kusaini chochote.

Sasa hiyo dola 100. Wakipiga hesabu ya kipato watapunguza baadhi ya gharama, kodi ya nyumba ikiwemo kwa kiasi fulani. Pesa anayokutumia wewe haipunguzwi hata senti, inahesabiwa kama bado iko mfukoni mwake. Wewe Rau una migomba na kuku, najua Rau palivyo. Mwambie aisimamishe mpaka mkewe apate kazi, na umwambie wewe, kwa sababu yeye hatakwambia.